Paa Wangu Hayumo Kwenye Kijitabu Chako

Jumamosi, onyesho limekwisha hapa Moshi, jasho halijakauka, kaka mmoja ananifuata na simu mkononi. "Dada, nimeangalia mtandaoni. Kanga iliyochanika ni ndoa iliyovunjika, sivyo?"

Sivyo. Na huyo ni wa nne mwaka huu. Wa kwanza aliuliza nyoka, wa pili meno, wa tatu bahari.

Nikisema tu kazi zangu za jukwaani zinatokana na uchanganuzi nafsi, ile njia ya kutafuta yaliyojificha akilini kwa kusema lolote linalokujia, watu wanadhani nina kijitabu cha ndoto kama vile vya stendi: ukiota maji, safari, ukiota nyama, msiba. Kitabu cha Freud, daktari aliyeanzisha njia hiyo, kuhusu ndoto kilitoka mwishoni mwa 1899, jalada likaandikwa 1900, na mapema kabisa mle ndani anajitenga na mtindo huo. Ndoto ni fumbo la picha, na anayeweza kulifumbua ni aliyeota, kwa kusema lolote linalomjia, hata la kipuuzi.

Niliota paa amesimama kitandani kwangu, amelowa chapachapa. Kijitabu kingeniambia mchumba anakuja. Nikajilaza chali sakafuni, nikaacha maneno yaje yenyewe. Paa. Paa la bibi kule Kibosho, bati liking'olewa na upepo, sufuria zikipangwa kitandani kukinga matone, ti, ti, ti. Mwaka uleule babu alifariki, na sisi watoto tukaambiwa amepaa. Mnyama, bati, babu: neno moja. Orodha iliyotafsiriwa kutoka Kiingereza itajulia wapi hilo? Huko paa ni swala mdogo tu, basi.

Onyesho likatoka hapo: sufuria saba, chupa za maji zilizotobolewa zikining'inia kwenye kanga, mimi chini yake dakika arobaini. Mnyama hayumo.

Louise Bourgeois, mchongaji aliyeanza kwenda kwa mchanganuzi mwanzoni mwa miaka ya 1950, alijenga sanamu ya buibui ya zaidi ya mita 9 mwaka 1999. Kwenye kijitabu buibui ni husuda. Kwake alikuwa mama yake, fundi wa kukarabati mazulia ya ukutani.

Sitaficha: matoleo ya baadaye ya kitabu kilekile Freud aliyajaza alama zenye maana karibu moja kwa wote, na hapo wenye vijitabu wananishika pabaya. Pia kwa mchanganuzi kuna mwingine anayesikiliza. Mimi sakafuni niko peke yangu, na sina hakika kwamba sichagui kumbukumbu zinazopendeza jukwaani.

Turudi kwenye kanga. Nilimjibu kaka yule kwa ukali kwamba ilinasa kwenye msumari mazoezini, ni ajali tu. Aibu. Katika fani yangu "ajali tu" ndilo jibu ambalo hatumkubalii mtu. Kanga yenyewe ni ya mama. Nilimwomba doti nzima, akanipa upande mmoja, wa pili hakusema uko wapi wala sikuuliza. Ilichanika Jumatano. Sindano na uzi vilikuwa mezani hadi Jumamosi.