Kusokota tena si kusokota upya

Dada mmoja mwenye saluni ya dredi kule Kirumba, Mwanza, alitujia ofisini na karatasi iliyokunjwa mara nne. Fundi wa mabango alikuwa anamsubiri na rangi yake, naye amekwama kwenye mstari mmoja. Wateja wake, hasa vijana wanaoangalia video za Marekani, siku hizi wanaingia wakisema wanataka "kuritwisti", yaani "retwist" ya Kiingereza. Neno analielewa na kazi anaijua kuliko sisi, ila hakutaka kuliandika hivyo ukutani.

"Mwalimu, niandike nini? Kusokota tena, kusokota upya, au kurudia?"

Nikamjibu kwamba yote matatu ni Kiswahili. Akatikisa kichwa. Siku chache nyuma, akasema, kijana mmoja alikaa kwenye kiti akaomba asokotwe upya. Yeye akachukua kitana, akaanza kufumua dredi changa za miezi miwili, moja baada ya nyingine. Alipofika ya tano kijana akaruka kitini. Kumbe alichotaka ni zile nywele mpya zilizoota chini zisokotwe zishikane na za zamani, basi. Waliamuliwa na majirani, na kazi ya asubuhi ile haikulipwa.

Swali lake halikuwa dogo hata kidogo, na sisi tunaofanya kazi ya lugha tulistahili kulijibu vizuri kuliko nilivyolijibu mara ya kwanza.

Tuanze na chanzo cha mkanganyiko. Kiingereza kina kiambishi kifupi, "re", kinachobandikwa mbele ya kitenzi karibu chochote ili kuonyesha kwamba tendo limerudiwa. Kiambishi hicho ni kifupi na kinaenea kwingi, lakini hakisemi ni nini kilitokea kati ya mara ya kwanza na ya pili. Kiswahili hakina kiambishi cha namna hiyo. Mzungumzaji wa Kiswahili, hata bila kufikiri, hujiuliza kwanza: kile kilichosokotwa kimepatwa na nini? Kimefumuliwa? Kimelegea chenyewe? Kimeota kipande kipya ambacho bado hakijasokotwa? Au kipo vilevile na mtu anaongeza msokoto juu ya msokoto? Kila jibu lina maneno yake. Anayetafsiri huku anatafuta neno moja la kuyabeba yote atazunguka kamusi mchana kutwa.

Kitenzi chenyewe, sokota, ni kuzungusha kitu chembamba kwenye mhimili wake mpaka kijishike. Tunasokota uzi, kamba, utambi wa taa, nywele. Mvuta sigara anaisokota karatasini, na kutoka huko tumepata msokoto, neno ambalo taarifa za polisi zimelizoesha masikio yetu kuhusu bangi, ingawa msokoto ni wa uzi na wa kamba pia. Tumbo nalo linasokota, na hakuna aliyewahi kuuliza ni nani amelisokota. Nyavu mbili zikikutana majini zinasokotana. Viambishi vya kutendea, kutendesha na kutendeka vinafuata irabu o iliyomo kwenye mzizi: sokotea, sokotesha, sokoteka, kwa e na si kwa i. Mwanafunzi anayeandika "sokotia" amekosea hapo.

Watu wengi huchanganya sokota na suka. Kusuka kunahitaji angalau mafungu matatu yanayopishana, hili juu, lile chini, kama ukili au mkeka. Kusokota kunaweza kufanyika kwa fungu moja peke yake. Wasusi wa Mwanza hawakosei hapa: rasta husukwa, dredi husokotwa. Ukimwambia msusi akusuke dredi atakuelewa, lakini atajua wewe ni mgeni wa mambo hayo.

Sasa, kinyume chake. Kiswahili kina kauli ya kutendua: funga na fungua, ziba na zibua, kunja na kunjua, choma na chomoa. Mzizi ukiwa na o, kiambishi kinakuwa o, na ndiyo maana sokota inatupatia sokotoa, kuondoa msokoto. Mitaani sokotoa haisikiki sana. Wengi husema fumua, kitenzi kilichotoka kwa fuma na kikapanua kazi hadi kwenye nywele, mishono na kamba. Napenda kuikumbusha sokotoa kila ninapopata nafasi, kwa sababu inasema jambo kwa usahihi: uzi umerudi kuwa nyuzi, wala haujakatika. Katika ukoo huohuo yupo tata na tatua. Nyuzi hutatana, mtu akazitatua, na leo tunatatua migogoro ya ardhi na hesabu za darasa la 7 bila kukumbuka kwamba kitenzi kilianzia kwenye mikono yenye uzi.

Kijana wa saluni na msusi wake waligombana kwa sababu ya neno upya. Upya umetokana na -pya. Ukifanya jambo upya, unalianza kana kwamba halijafanywa: la kwanza limefutwa, limebomolewa au limekataliwa. Nyumba inayojengwa upya kwanza imeanguka au imevunjwa. Hesabu inayofanywa upya imeonekana na kosa. Msusi aliposikia "nisokote upya" akachukua kitana, naye alikuwa sahihi kabisa kwa mujibu wa lugha.

Neno "tena" halifuti kitu. Linahesabu tu. Mvua imenyesha tena. Hakuna anayesema imenyesha upya. Tumbo limeanza tena kunisokota, kamwe si upya. Palipo na tendo lisilo na mtendaji anayeamua kuanza mwanzo, upya hauingii. Jaribu hili na kitenzi chochote ukitaka kujua tofauti yao. Mtu aliyeoga asubuhi na jioni ameoga tena. Mtu aliyejipaka sabuni maji yakakatika, akasubiri, akaanza mwanzo, huyo ameoga upya.

Lakini tena ana matatizo yake, na hapa naomba waandishi wa maelekezo, wawe wa dawa, wa mashine au wa nywele, watulie kidogo. Mahali pa tena katika sentensi hubadilisha maana. "Amesokota kamba tena" ni mara ya pili. "Tena amesokota kamba" ni kuongeza habari: juu ya mengine yote aliyoyafanya, na hilo pia. Ukiingia ukanushi mambo yanageuka kabisa. "Hasokoti tena" maana yake ameacha kazi hiyo. Na "usisokote tena" inaweza kumaanisha usirudie mara ya pili, au acha sasa hivi unachofanya. Nimewahi kuona maelekezo ya aina hiyo kwenye kifungashio, nikajiuliza msomaji atajuaje. Katika maelekezo, rudia ni salama zaidi: rudia kusokota, usirudie kusokota. Kinachorudiwa kinajulikana, na hakuna maana ya pili inayojificha.

Ili kumwonyesha dada yetu kwamba tofauti hizi haziko vitabuni tu, nilikwenda naye Mwaloni, soko la samaki na dagaa kando ya ziwa, kwa kuwa ni karibu na saluni yake. Saa nne asubuhi dagaa walikuwa wamekwisha kuanikwa, na mzee mmoja alikuwa amekaa kwenye ukingo wa mtumbwi akitengeneza kamba ya nanga. Ilikuwa kamba ya manila, ya plastiki ya bluu, yenye nyuzi kuu tatu, na ncha yake ilikuwa imetawanyika kama ufagio.

"Shikamoo mzee. Hapo unafanya nini?"

"Marahaba. Naisokota, si unaona. Imefumuka."

Hakusema "imefumuliwa". Imefumuka, yenyewe, kwa kusuguana na mawe. Tazama mikono yake sasa. Kwanza aliendelea kuifumua, kiasi cha shibiri moja zaidi, mpaka akafika mahali ambapo msokoto ulikuwa bado mzima. Kisha akachukua uzi mkuu mmoja, akauzungusha kwa vidole kuelekea kulia mpaka ukakaza na kutaka kujikunja. Akauvusha juu ya wenzake kuelekea kushoto. Akachukua wa pili, akauzungusha kulia, akauvusha kushoto. Wa tatu vivyo hivyo. Kila uzi ulizungushwa upande mmoja na kamba nzima ikaenda upande wa pili. Mwishoni akaiyeyusha ncha kwa kiberiti, akaibana kwa kipande cha mti.

Nikamuuliza kwa nini haendi upande mmoja tu. "Ukipeleka kote upande mmoja inakuachia," akasema, akairusha kamba ndani ya mtumbwi.

Maneno hayo machache yamebeba kanuni nzima ya kazi ya msokoto. Kila uzi uliosokotwa unataka kurudi ulikotoka. Nyuzi zikiunganishwa kwa kuzungushwa kinyume cha msokoto wa kila mmoja, kule kutaka kufumuka kwa uzi ndiko kunakokaza kamba, na kule kutaka kufumuka kwa kamba ndiko kunakokaza uzi. Wanasaidiana kwa kupingana. Wanaosokota usumba wa nazi kule Zanzibar wanaijua kanuni hii viganjani mwao, na viwanda vya nguo vinaifuata kwa mashine zenye maelfu ya pia, yaani vijiti vinavyozunguka na kusokota uzi.

Unaweza kuithibitisha nyumbani. Chukua uzi wa cherehani, shika ncha kwa vidole viwili, uuzungushe upande unaoulegeza. Utaachana katika nyuzi mbili au tatu. Sasa chukua mmoja wa hao wadogo uuzungushe: ili ulegee, mara nyingi itakubidi uende upande wa pili. Uzi ule umesokotwa mara mbili, na ile mara ya pili ilikuwa kinyume cha ya kwanza. Sisi wa Kanda ya Ziwa tunaishi katikati ya pamba; mbegu zake zimeboreshwa hapohapo Ukiriguru, Misungwi, na majina ya aina zake huanza na UK ya Ukiriguru. Kila unyuzi wa pamba hiyo una urefu wa karibu sentimita 3 tu. Kinachoufanya uwe shuka la mita 2 ni msokoto, na uzi wa kushonea unasokotwa mara ya pili. Hapa ndipo sokota tena inapokaa vizuri kuliko upya: msokoto wa kwanza haukuguswa, wa pili umeongezwa juu yake. Mzee wa Mwaloni, kwa upande wake, alifumua kisha akasokota upya. Mikono inafanya kazi mbili tofauti, nayo lugha inazitofautisha.

Dada alikuwa akitazama kimya. Kisha akasema dredi nazo zina upande. Kichwa kilichoanza kusokotwa kwa kufuata mshale wa saa kinatakiwa kiendelee hivyohivyo. Msusi mwingine akikipokea akazungusha kinyume, anaifumua kazi ya mwenzake huku akidhani anaikaza. Nywele hukua takriban sentimita 1 kwa mwezi, na kinachohitaji kusokotwa kila baada ya wiki kadhaa ni hicho kipande kipya tu. Anayekazwa mara kwa mara mno, kwa nguvu mno, nywele za mbele huanza kukatika na hata kuacha upara pembeni mwa paji la uso. Nililiandika hilo kwenye daftari, kwa sababu lilinipa kitenzi nilichokuwa nimekisahau: kazia. Kaza ni kufanya kitu kisilegee. Kazia ni kukirudia kile kilichokwisha kukazwa na kukiongezea nguvu, kama tunavyokazia nati au hoja. Mizizi ya dredi inakaziwa.

Nimeombwa na wenzangu niguse pia mahali ambapo sokota haifai kabisa, kwa maana watafsiri huibandika kila wanapokutana na dhana ya kuzungusha na kupinda. Kifundo cha mguu hakisokotwi, kinateguka. Aliyeumia mara ya pili palepale ameteguka tena, na daktari akiandika "amesokota mguu" mgonjwa atashangaa. Nguo mbichi inakamuliwa. Baiskeli inanyongwa, na mpanda baiskeli wa Usukumani hajawahi kuhitaji neno lingine. Maneno ya mtu yanapopindishwa, yanapotoshwa. Potoa, potoka na potosha zote zina picha ya kitu kilichoachishwa unyoofu wake. Habari iliyopotoshwa, ikaokotwa na mwingine akaipinda zaidi, imepotoshwa tena. Haiwezi kupotoshwa upya, maana hakuna aliyeirudisha kwanza kwenye unyoofu.

Tuliporudi saluni fundi wa mabango alikuwa amekaa kwenye kivuli cha mwembe. Dada hakuandika neno moja mahali pa "kuritwisti". Aliandika mistari mitatu, kila mmoja na bei yake, na bei hazikulingana kwa kuwa kazi hazilingani: Kusokota dredi mpya. Kukazia mizizi. Kufumua na kusokota upya. Fundi aliuliza kama mstari wa tatu ungeweza kufupishwa, kwani ubao ulikuwa mwembamba. Dada akamwambia apunguze ukubwa wa herufi.