Splaisi: faiba ikikatika inaungwaje?

Enzi za simu za waya wa shaba, katapila likikata laini pale Buhongwa, Mwanza, fundi alikuwa anakuja na plaizi na tepu. Anamenya ganda, anasokota ncha mbili, anafunga, watu wanaendelea kuongea. Muungo ulikuwa wa hovyo, lakini shaba ikigusana na shaba umeme unapita. Faiba haina huruma hiyo. Humo unapita mwanga, tena ndani ya uzi wa kioo, na kioo hakisokotwi.

Splaisi ni kuunga nyuzi mbili za kioo ziwe uzi mmoja, ili mwanga unaotoka upande huu uingie upande wa pili bila kupotea njiani. Kuitamka ni rahisi. Kazi iko kwenye vipimo. Uzi mmoja ukishavuliwa ganda lake la rangi una unene wa maikromita 125, yaani milimita moja igawanywe mara nane. Na hata humo mwanga haupiti kote. Unapita kwenye kiini cha katikati, ambacho kwa faiba za masafa marefu kina upana wa maikromita 9 hivi. Kioo kinachokizunguka kazi yake ni kuurudisha mwanga ndani kila unapotaka kutoka. Kwa hiyo ule waya mweusi unaouona umening'inia kwenye nguzo za Nyakato ni ulinzi tu. Kinachoungwa ni hivyo viini, na vikipishana kwa maikromita 2 peke yake, zaidi ya sehemu moja ya kumi ya mwanga imeshakwenda.

Fundi akishafungua waya na kufuta jeli iliyomo, anapanga nyuzi kwa rangi: bluu, chungwa, kijani, kahawia, kijivu, nyeupe na kuendelea hadi 12. Bluu kwa bluu, chungwa kwa chungwa. Akichanganya, kila muungo unaweza kuwa safi kabisa na mtandao usirudi. Kisha anavisha kimrija cha kinga kwenye uzi mmoja kabla ya kuunga, kwa sababu ukishaunga hakuna pa kukipitishia tena. Mafundi wanaochekana kwa kukisahau ni wengi. Halafu anavua ganda la rangi, anafuta kioo kwa spiriti, anakata.

Hapo kwenye kukata ndipo splaisi nyingi zinapoharibikia. Kifaa kinaitwa kliva, na hakikati kama mkasi. Kinachora mkwaruzo mdogo kisha kinauvunja uzi, kama fundi wa vioo vya madirisha anavyofanya, ili uso wa ncha ubaki umenyooka, digrii 90 na mhimili wa uzi. Ncha ikiwa na pengo au imekaa upande, mashine ya kusplaisi itaionyesha kwenye skrini na kugoma. Mashine ikiridhika, inavisogeza viini vitazamane, inapiga cheche ya umeme, kioo kinayeyuka na kushikana kwa sekunde chache tu. Kimrija kinasogezwa juu ya muungo na kupashwa moto mpaka kinywee. Vile vipande vya kioo vilivyokatwa havitupwi chini. Vinawekwa kwenye kichupa, maana kikikuingia kidoleni hukioni.

Upepo wa ziwa ukivuma na vumbi la barabarani, kazi hii inafanyiwa ndani ya gari au chini ya turubai. Ukiona mafundi wamejifungia wakati mtaa mzima hauna intaneti, hawajalala.

Ubora wa muungo unapimwa kwa desibeli. Ukipoteza desibeli 3, nusu ya mwanga haipo. Splaisi nzuri inakula chini ya 0.1, mara nyingi 0.02 au 0.03. Linganisha: kwa mwanga wenye urefu wa wimbi wa nanomita 1550, kilomita nzima ya faiba inakula kama 0.2. Maana yake, splaisi mbovu ya 0.5 ni sawa na kumsogeza mteja mbali kwa kilomita mbili na nusu. Na huko majumbani hakuna ziada ya kuchezea, kwa sababu uzi mmoja huwa unagawanywa kwa splita, kifaa kinachogawa mwanga kwa wateja wengi. Ile ya njia 32 peke yake inakula kama desibeli 17. Ongeza miungo miwili mitatu ya hovyo, taa nyekundu ya LOS, ya kuonyesha mwanga haufiki, inawaka kwenye rauta.

Njia nyingine ya kuunganisha ni konekta, ile ya kuchomeka na kuchomoa. Inapoteza zaidi kuliko splaisi, ila bila hiyo usingeweza kubadilisha kifaa. Ya kijani uso wake umesagwa kwa mshazari wa digrii 8; ya bluu haina mshazari. Ukichomeka kijani kwenye bluu zinaingia vizuri tu, ila nyuso hazikutani. Wala usipulize kwa mdomo ukidhani unasafisha. Unaongeza unyevu.

Hata mkongo ambao haujawahi kukatwa una splaisi, kwa kuwa waya unakuja kwenye magurudumu ya kilomita chache chache. Kutoka Mwanza hadi Dar es Salaam, nyaya za baharini zinakoingilia nchini, ni zaidi ya kilomita 1,000. Fanya kila gurudumu lina kilomita 4, utakuta maungio zaidi ya 250, kila moja likiwa na nyuzi zake zote.

Swali la wateja ni lile lile: waya mmoja tu, mbona masaa sita? Kwanza pa kukatika panatafutwa. Kipimo cha OTDR kinatuma mapigo ya mwanga na kusoma yanayorudi, kinasema labda kilomita 7.4. Hizo ni za faiba, pamoja na mizunguko ya akiba iliyofungwa kwenye nguzo, kwa hiyo barabarani ni pafupi zaidi na mtu anatembea akiangalia juu. Pili, katapila likishaburuta waya, ncha hazifikiani tena. Kinawekwa kipande kipya katikati, na maungio yanakuwa mawili. Waya wa nyuzi 24 hapo ni splaisi 48, na kila moja inavuliwa, inafutwa na kukatwa peke yake.