Hakimu anaahirisha tu, utakata rufaa dhidi ya nini?

Mama mmoja muuza dagaa wa Kibirizi aliniuliza swali ambalo hapa Kigoma nalisikia kila wiki: "Wakili mwanangu, kwa nini tusipande kwa jaji tukaikatie rufaa hii kesi?" Kijana wake yuko mahabusu, kavunja stoo kaiba injini ya boti ndo wanavyodai, dhamana ipo ila wadhamini hawakutimia, na kila akipelekwa wimbo ni ule ule, upelelezi haujakamilika mheshimiwa, tunaomba tarehe nyingine.

Sasa shida iko hapa, kuahirisha kesi siyo hukumu. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, kifungu cha 372 kwa zile namba za zamani tulizozizoea, inaipa Mahakama Kuu nguvu ya kuita jalada la mahakama ya chini na kulikagua, lakini kifungu kidogo cha pili kinakufungia mlango wewe mwombaji: amri za katikati ambazo hazijamaliza kesi huruhusiwi kuzipeleka huko. Mie mwenyewe nilishapigwa mweleka hapo nikiwa bado mchanga, naandaa maombi manene na kiapo juu, wakili wa serikali anasimama dakika mbili na pingamizi lake, kwisha, na muda wote huo jalada liko juu kule chini hakuna kinachoendelea, yaani nimemchelewesha mteja wangu mwenyewe.

Ila jaji hahitaji maombi yako. Kifungu cha 44 cha Sheria ya Mahakama za Mahakimu kinampa usimamizi wa mahakama za wilaya na za hakimu mkazi, anaweza kuita jalada mwenyewe na kutoa maelekezo. Kwa hiyo unamwandikia barua Jaji Mfawidhi, yaani mkuu wa Mahakama Kuu hapa kwetu, ukurasa mmoja unatosha (zamani Kigoma haijapata masjala yake ya Mahakama Kuu tulikuwa tunategemea Tabora, ilikuwa safari). Au jaji akija kukagua gereza, mahabusu anajisemea mwenyewe.

Na kwenye hiyo barua usilie, piga hesabu. Omba nakala ya mwenendo wa kesi, hesabu siku. Kifungu cha 225 cha ile Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, kwa namba zile zile za zamani, kinasema, ukiacha makosa kama ya udanganyifu na kughushi, maahirisho yakijumlishwa yasipite siku 60 mpaka RCO, yaani mkuu wa upelelezi wa mkoa, alete cheti chenye sababu, baadaye cha wakili wa serikali, halafu cha DPP, mkurugenzi wa mashtaka, na mwisho kabisa ni miezi 24. Cheti hakuna? Hakimu asikilize kesi au amwachie. Kwenye jalada la huyu kijana cheti hakikuwepo hata kimoja, nami nikaandika hivyo tu, pamoja na Ibara ya 107A ya Katiba inayokataza kuchelewesha haki bila sababu ya msingi.

Mauaji ni habari nyingine, mahakama ya chini haina mamlaka ya kuyasikiliza, hizo siku 60 usizitegemee.

Jalada likaitwa, likarudi na maelekezo: kesi isikilizwe, au upande wa mashtaka ukishindwa aachiwe. Nikamwambia mama kabisa kwamba kuachiwa kwa kifungu hiki siyo kushinda, wanaweza kumshtaki tena kwa kosa lile lile. Akanijibu, "Bora wamshtaki kwa mashahidi kuliko kwa tarehe." Wameshakuja mashahidi wawili, wa tatu ni mwenye boti mwenyewe, anakuja Jumatatu.