Vumbi la Goma na dari la kuvutwa

Dari la kuvutwa, lile la plastiki nyembamba inayopashwa moto na kubanwa kwenye reli kuzunguka chumba, haliogopi sana uchafu. Linaogopa kitambaa kikavu. Vumbi la Goma si udongo mtupu: ni mawe ya volkano ya Nyiragongo yaliyosagwa na magurudumu, yenye chembe kali kama kioo. Plastiki ile haifiki hata nusu milimita. Ukiipangusa kavu unaipiga msasa, na kama dari ni la kung'aa, mikwaruzo yote itaonekana jioni taa zikiwaka.

Basi vumbi liondoke kwanza. Funga brosi ya manyoya laini kwenye mpini mrefu, upitishe polepole bila kukandamiza. Ngazi uivalishe matambara vichwani, na pete uvue.

Kisha maji: lita 5 za vuguvugu, kijiko kimoja cha sabuni ya maji ya kuoshea vyombo. Poda ya kufulia hapana, punje zake zisipoyeyuka zinakwaruza. Kitambaa laini ukikamue mpaka kisidondoshe, upanguse kwa kufuata mshono, usiuvuke. Kisuuze mara kwa mara. Maji yakigeuka kijivu, yamwage, la sivyo unarudisha mchanga uleule juu. Malizia kwa maji matupu, halafu kitambaa kikavu safi. Sabuni ikikauka pale inaacha michirizi.

Masizi ya mbabula (jiko la makala, yaani makaa) ni habari nyingine, kwa sababu yana mafuta. Usiongeze nguvu, ongeza muda: weka kitambaa chenye sabuni juu ya doa kwa nusu dakika, pangusa, rudia. Kwenye dari la kung'aa, dawa ya vioo inasaidia, lakini inyunyizwe kwenye kitambaa na ijaribiwe kwanza pembeni. Asetoni, petroli, tina (ya kuyeyushia rangi) na javeli (dawa ya kung'arisha nguo) zisikaribie kabisa. Zinakula rangi au plastiki yenyewe. Na mbabula iwake nje. Joto lake linalegeza dari, na hewa ya makala ndani ya nyumba inaua watu.

Dari la kitambaa, si la plastiki, halisuguliwi: brosi kavu, na doa ligongwegongwe kwa kitambaa chenye unyevu.

Mvua ikipenya kwenye mabati, plastiki itashuka kama tumbo. Inaweza kubeba makumi ya lita bila kupasuka, kwa hiyo usiitoboe. Kata umeme wa chumba, ondoa vitu chini yake, mwite fundi. Atafungua tundu la taa, aelekeze maji kwenye ndoo au bidoni, kisha aipashe moto mpaka ikaze tena. Usijaribu kusukuma maji kwa mkono kuelekea ukutani: ukingo ukichomoka kwenye reli, yote yanamwagika kwa mara moja.