“Round” si duara tu: dhana potofu kuhusu neno tunalodhani tunalijua

Saa moja usiku, Wandegeya, mtaa wa Kampala, mkaa umeshakolea. Kijana wa rolex anachomoa donge la unga, analiviringisha kiganjani mpaka linakuwa kama mpira wa tenisi. Analibandika ubaoni, analisukuma, linakuwa chapati. Ikishaiva anavunja mayai mawili kwenye kikombe cha plastiki, anakatia kitunguu, nyanya na kabichi, anakoroga na kumimina kwenye kikaango. Chapati inalazwa juu ya mayai, inageuzwa, kisha inakunjwa kama mkeka kutoka ukingo mmoja hadi wa pili na kutiwa kwenye kaveera, yaani mfuko wa plastiki.

Nilikuwa nimesimama pale na mwanafunzi wangu, Mganda anayejifunza Kiswahili kwa bidii. Swali lake lilikuwa jepesi: “Mwalimu, round ni duara, sivyo?”

Nikamwambia atazame jiko. Lile donge la mwanzo, Mwingereza ataliita round. Chapati iliyosukumwa, round. Rolex iliyokunjwa, ukiitazama kwa upande wa ncha, round vilevile. Maumbo matatu, neno moja. Sisi tukiyaita yote duara tumeshakosea mara mbili kabla ya kulipa.

Nafundisha Kiswahili na kutafsiri hapa Kampala. Kazi imeongezeka tangu Julai 2022, Baraza la Mawaziri lilipoidhinisha Kiswahili kitumike kama lugha rasmi. Neno hili dogo linanisumbua kuliko maneno makubwa ya kisheria. La kisheria ukilikuta unafungua kamusi. “Round” hakuna anayelifungulia kamusi, kila mtu ana hakika nalo.

Dhana: “Round” maana yake ni duara

Ukweli ni kwamba “round” halitaji umbo moja. Linasema kitu hakina kona, kimepinda chote. Mpira ni round, sahani ni round, bomba ni round, shavu la mtoto ni round. Mwingereza anamwachia msikilizaji akisie ni umbo lipi kati ya hayo. Kiswahili hakikubali uvivu huo, hasa darasani. Kilichochorwa kwenye karatasi ni duara. Kilichojaa pande zote kama chungwa ni tufe. Kilicho kirefu kama gogo au kopo ni mche duara. Mviringo ndilo neno la mtaani linalokaribia “round” kwa ulegevu wake: unaweza kusema uso wa mviringo, meza ya mviringo, hata jiwe la mviringo, usishtakiwe.

Niliwahi kulipia somo hili. Mteja mmoja kutoka Kongo alikuwa akinunua vyuma kwa mafundi wa Katwe, mtaa mwingine wa Kampala, nami nikapewa karatasi ya oda niitafsiri. Ilisema “round bar, 12 mm”. Nikaandika, kwa kujiamini kabisa, “vyuma vya duara vya milimita 12”. Baada ya siku mbili simu ikalia. “Mwalimu, hivi visahani vyenu ni vya kazi gani? Si vitakuwa sawa na kifungo cha shati?” Alichohitaji ni nondo laini, fimbo ndefu za chuma zisizo na meno. Pale Katwe wenyewe wanasema raundi baa, na ambazo ni bapa wanaziita fleti baa, na hakuna anayeletewa vifungo. Nilimwomba radhi mteja, na oda iliyofuata sikuitoza.

Asili ya neno inasaidia kuelewa ulegevu huu. Waingereza walilipokea kutoka Kifaransa cha kale, nacho kilikuwa kimelitoa kwenye neno la Kilatini “rotundus”, lililozaliwa na “rota”, yaani gurudumu. Gurudumu halisifiwi kwa kuwa duara kwenye karatasi, linasifiwa kwa kubingirika. Kutoka kwenye gurudumu hilohilo Waingereza wakapata “rotate”, na ile “rota” ya zamu inayobandikwa mlangoni mwa wodi na vituo vya polisi. Na “roll”, kukunja kwa kuviringisha, nayo inatoka kwenye “rota”, kupitia neno la Kilatini lenye maana ya kigurudumu. Basi rolex, ambayo jina lake ni “rolled eggs” iliyotamkwa harakaharaka na wala si saa ya mkononi, inabeba gurudumu la Warumi ndani ya kaveera.

Dhana: Dunia ni “round”, kwa hiyo dunia ni duara

Msemo wetu wa “dunia duara” hauna kosa, kwa sababu hauzungumzii umbo. Unasema mambo huzunguka, uliyemcheka jana atakucheka kesho. Shida ni pale msemo unapoingia kwenye daftari la jiografia. Dunia ni tufe, tena tufe lililobonyea kidogo. Kipenyo chake kikipimwa kwenye ikweta ni kilomita 12,756, kikipimwa kutoka ncha hadi ncha ni kilomita 12,714. Tofauti ya kilomita 42 na ushei inatokana na dunia kujizungusha: sehemu ya katikati inakimbia zaidi kuliko nchani, ikajitokeza kama kitambi.

Uganda iko juu ya kitambi hicho. Ukienda Masaka utapita Kayabwe, ambako kuna zile pete mbili za saruji kando ya barabara zinazoonyesha mstari wa ikweta. Hawapiti hata wageni wawili bila mmoja kusimama ndani yake kupigwa picha. Pete ile ni duara. Dunia inayowakilishwa nayo si duara. Nikipita na wanafunzi huwa nawaonyesha hapo, maana mkono unaweza kuishika tofauti ambayo ubao hauwezi kuieleza.

Na kwa kuwa tumefika Kayabwe: vijana wenye mabeseni watakuonyesha maji yakizunguka kulia upande huu wa mstari, kushoto upande ule, na kushuka moja kwa moja katikati. Ni maonyesho ya kufurahisha, ukiwapa kitu hutajuta. Lakini nguvu ya mzunguko wa dunia inayopinda dhoruba kubwa baharini ni ndogo mno kuliongoza beseni, na hatua chache kutoka ikweta haipo kabisa kwa maana ya kuonekana. Kinachoamua ni namna maji yalivyomiminwa.

Dhana: “Oval” na duaradufu ni kitu kimoja

Hapa sitakaa sana. Duaradufu ni umbo la hisabati lenye kanuni yake, ukilikunja katikati kwa urefu au kwa upana pande zinalingana. “Oval” ni neno la mitaani, limetokana na yai kwa Kilatini, na yai ncha moja ni nyembamba kuliko nyingine. Uwanja wa kriketi wa Lugogo unaitwa Oval kwa ulegevu huohuo, hakuna aliyekwenda kupima. Ukitafsiri, sema umbo la yai.

Dhana: Maneno yote ya umbo la mviringo ni maneno ya unene

Hii ndiyo inayoumiza watu. Mama mmoja aliniletea barua ya shule iliyomsifu binti yake kuwa “a well-rounded girl”. Alikuwa amekasirika. “Mwalimu mzima anaandika mwanangu kavimba?” Nikamkalisha. “Well-rounded” haina uhusiano na mwili. Ni mtu aliyekamilika pande zote: darasani yumo, uwanjani yumo, kwaya yumo, na adabu anayo. Ni sifa kubwa. Aliisoma tena, akaikunja vizuri, akaitia kwenye pochi.

Maneno ya mwili yako pembeni na kila moja lina makali yake. “Rotund” ni ndugu wa damu wa “round”, lakini likimwangukia mtu linamchora kama pipa, na ndani yake kuna kicheko. “Chubby” mtoto atasifiwa nalo, mkubwa atakunja uso. “Bulbous” ni la kuchunga kabisa. Asili yake ni kitunguu, na Waingereza hulipenda kwa pua zilizovimba kwenye ncha. Sijawahi kuona mtu akishukuru kuitwa hivyo. Kumbuka pia kuwa hapa kwetu kumwambia mtu “umenenepa!” baada ya kupotezana miezi mingi mara nyingi ni salamu ya furaha, maana yake mambo yamekunyookea. Ukiipeleka salamu hiyo kwa Kiingereza London, uwe na miguu ya kukimbilia.

Halafu kuna “curvy”. Februari 2019 waziri wa nchi anayeshughulikia utalii alizindua shindano la Miss Curvy Uganda, akiwanadi wanawake wenye maumbo hayo kama kivutio cha watalii. Kelele zilizofuata zilikuwa kubwa, na kwa maoni yangu zilistahili, kwa sababu mtu si mlima Rwenzori. Ila katikati ya mabishano yale niliona watu wakitafsiri “curvy” kuwa mnene, kibonge, hata tipwatipwa. Sivyo. Neno linatokana na kupinda, linazungumzia mstari wa mwili na si kilo. Kiswahili kinalo la kwake tangu zamani: umbo la namba nane. Mwembamba anaweza kuwa namba nane, na mnene anaweza asiwe.

Dhana: Kila “round” ni raundi

Kwenye ngumi, sawa, raundi. Kwenye uchaguzi ni duru: duru ya kwanza, duru ya pili. Daktari anapopita kitanda hadi kitanda asubuhi, watu wa hospitali husema raundi na wanaelewana. Askari anayezunguka usiku yuko doria. Lakini habari ikisema polisi walifyatua “three rounds”, hizo ni risasi tatu. Nimesikia ikisomwa kwa Kiswahili “raundi tatu”, na msikilizaji akabaki akijiuliza walipigana muda gani.

“Round” ya baa ni jambo lingine: mmoja analipia vinywaji vya wote, kisha zamu inahamia kwa jirani yake. Wanywaji wa malwa, pombe yetu ya ulezi, hawana haja nayo. Chungu ni kimoja, kimekaa katikati, mirija mirefu inatoka humo kama miale, watu wamekizunguka duara kamili. Hapo kila kitu ni round isipokuwa hiyo round yenyewe.

“Round number” nayo ina mtego. Si namba yenye umbo, ingawa sifuri zake zinachekesha kwa kuwa za mviringo kweli. Ni namba iliyosawazishwa ili isemwe kirahisi, ya makumi, mamia au maelfu kamili. Mtu akikwambia kwa Kiingereza kuwa gharama “in round figures” ni milioni tatu, ujue bado hajakupa bei. Kinyume chake “a round dozen” ni kumi na mbili kamili, bila kupungua hata moja. Neno lilelile, huku linalegeza, kule linakaza.

Na “round robin” halina ndege ndani yake. Zamani mabaharia wa Uingereza waliokuwa na malalamiko waliandika majina yao kwa kuzungusha duara kwenye barua, ili nahodha asimjue aliyetangulia kutia sahihi na kumfanya kiongozi wa uasi. Leo ni mashindano ambamo kila timu inakutana na kila timu. Ni duara la ujanja, na katika maana zote za neno hili ndiyo ninayoipenda.

Linabaki “roundabout”. Tanzania wanaita kipilefti, kwa kile kibao kilichowaamuru madereva wakae kushoto. Kwa Luganda ni nkulungo, na mtu akikuelekeza Kampala atakutajia nkulungo kabla ya jina la barabara. Ila “roundabout” ni kivumishi pia. “He told me in a roundabout way” maana yake aliniambia kwa kuzungukazunguka, hakunyoosha maneno. Mwanafunzi wangu yule wa rolex alipopewa sentensi hiyo kwenye zoezi aliandika: “Aliniambia kwenye kipilefti.” Nilitia alama ya kosa kwa kalamu nyekundu. Wiki iliyofuata daftari likarudi, na pembeni ya alama yangu alikuwa ameongeza kwa penseli: “Cha Mulago.”