Je, wajua? Propaganda huanza na muziki

Kwa miaka mingi niliamini propaganda ni kelele: mtu kapanda jukwaani, mishipa ya shingo imemsimama, anawaamrisha watu wamchukie fulani. Basi nikajiona niko salama, kwani mtu wa namna hiyo ningemtambua kwa mbali. Redio RTLM ya Rwanda ndiyo iliyonionyesha nilivyokosea.

Ilianza kurusha matangazo Julai 1993. Redio ya taifa ilikuwa kavu. Hii ilipiga muziki wa Kikongo, watangazaji wakataniana na kusimulia umbea wa mjini kama walio kijiweni. Watu waliifungulia kwa burudani. Katikati ya vicheko likapita neno inyenzi, yaani mende. Miaka ya 1960 waliitwa hivyo waasi waliovamia kutoka nje. Sasa jina hilo wakapewa wapiganaji wa RPF, kundi la waasi lililoongozwa na Watutsi, na taratibu neno likatanuka, hata msikilizaji asijue anasemwa mpiganaji au jirani yake Mtutsi. Hakuna aliyetangaza kwamba maana imebadilika.

Fikiria uwanja wa nyasi. Wa kwanza akikatiza, nyasi huinuka tena. Wa kumi huacha alama. Wa mia haulizi kitu, anafuata njia, na ukimuuliza atakuambia ilikuwapo siku zote. Neno linalorudiwa hupita hivyo akilini: wepesi wa kulitambua tunaudhania ukweli. Mwaka 1977 watafiti wa Marekani waliwapa wanafunzi wa chuo sentensi za kupima ukweli wake, mara tatu, kila baada ya wiki mbili. Zilizorudiwa ziliaminiwa zaidi, hata za uongo.

Hata hivyo, redio isibebeshwe mzigo wote wa mauaji ya kimbari ya 1994 dhidi ya Watutsi. Wauaji wengi waliohojiwa gerezani walisema walifuatwa na viongozi wa mitaa na majirani. Mchumi David Yanagizawa-Drott, aliyelinganisha vijiji vilivyopata mawimbi na vilivyoyakosa, alikadiria mwaka 2014 kuwa RTLM ilichangia takriban asilimia 10 ya ushiriki katika mauaji.

Desemba 2003, mahakama ya kimataifa mjini Arusha ilimtia hatiani Ferdinand Nahimana, mwanahistoria na mmoja wa waanzilishi wa redio hiyo. Rufaa ya 2007 ilibakisha hatia kwa matangazo ya baada ya tarehe 6 Aprili 1994 tu, siku ndege ya rais ilipodunguliwa na mauaji yakafuata. Kuhusu yale ya miezi tisa ya mwanzo, majaji walikiri kuwa baadhi yalichochea chuki, lakini haikuthibitika kwamba yaliwaita watu moja kwa moja kwenye mauaji.