Humphrey angeweza kushinda

Novemba 1968 Hubert Humphrey alishindwa na Richard Nixon katika uchaguzi wa rais wa Marekani. Tofauti ya kura za wananchi haikufika asilimia 1. Watu waliousoma uchaguzi ule husema bila kusita kwamba Humphrey angeweza kushinda, nami sioni sababu ya kuwapinga. Lakini ukweli huo umekaa wapi? Ukitaka kuthibitisha kwamba Nixon alishinda, hesabu za kura zipo. Ukitaka kuthibitisha kwamba Humphrey angeweza kushinda, utaonyesha nini? Kila karatasi iliyopo inasema alishindwa.

Nafundisha mantiki, na sentensi hii ya Humphrey naitumia kuliko nyingine yoyote, maana inagusa karibu kila kona ya mjadala wa ulazima na uwezekano.

Jibu ambalo wanafalsafa hulitoa kwanza siku hizi ni la malimwengu yawezekanayo. Ulimwengu hapa si sayari wala kundi la nyota. Ni namna nzima ambayo mambo yote yangeweza kuwa, tangu mwanzo wa wakati hadi mwisho wake, bila kusaza chembe. Huu wetu ni mmojawapo. Jambo linawezekana likiwa kweli katika ulimwengu mmoja angalau. Ni la lazima likiwa kweli katika yote. Mwanafalsafa Mjerumani Leibniz alikwisha kuyazungumzia malimwengu hayo, na katika kitabu chake cha 1710 akadai kwamba Mungu aliumba ulimwengu ulio bora kuliko yote. Mwaka 1759 mwandishi Mfaransa Voltaire aliligeuza dai hilo kuwa kichekesho, na kejeli ikaenea kuliko hoja yenyewe. Habari ya ubora tuiache.

Kazi kubwa ilifanyika karne ya 20, na ilianzia kwenye mkwamo. Mmarekani C. I. Lewis alianza kujenga mantiki ya ulazima katika kitabu cha 1918, na mwaka 1932 yeye na mwenzake Langford wakaeleza mifumo mitano, S1 hadi S5. Mitano! Ipi ni sahihi? Jambo likiwa la lazima, je, ni lazima pia kwamba ni la lazima? Likiwa linawezekana tu, je, uwezekano wake wenyewe ni wa lazima? Kila mfumo ulikuwa na jibu lake, na ubishi ukabaki wa hisia: wewe unaona hivi, mimi naona vile.

Mwanafalsafa Mmarekani Saul Kripke, aliyezaliwa 1940, alichapisha makala yake ya kwanza kuhusu suala hili 1959, kabla hajatimiza miaka 20, na katika makala za 1963 akaleta wazo lililoukata ubishi ule. Hakuwa peke yake. Wanafalsafa Jaakko Hintikka na Stig Kanger nao walikuwa wakielekea huko huko. Wazo lenyewe ni jepesi mno mtu akishaambiwa: usiseme tu kwamba kuna malimwengu mengi, sema pia upi unaufikia upi. Lililo lazima katika ulimwengu fulani ni lile lililo kweli katika malimwengu yote yanayofikika kutoka hapo. Sasa tazama. Ikiwa kila ulimwengu unajifikia wenyewe, basi lolote lililo lazima ni kweli. Ikiwa wa kwanza unaufikia wa pili, na wa pili unaufikia wa tatu, na daima hilo likamaanisha kwamba wa kwanza unaufikia wa tatu, basi lililo lazima ni lazima kuwa la lazima, na hapo umefika S4. Ikiwa yote yanafikiana, uko S5, ambako hata linalowezekana tu linawezekana kwa lazima. Ugomvi wa hisia ukageuka kuwa swali kuhusu umbo la uhusiano, na maswali ya namna hiyo hujibika.

Faida ya pili huwapita wengi. Mbinu hii inaonyesha kwamba ulazima si wa aina moja. Tukizungumzia sheria za maumbile, tunayahesabu malimwengu yenye sheria kama zetu tu, na humo hakuna kinachoipita kasi ya mwanga. Mantiki peke yake haikatazi kitu kuipita. Na tukizungumzia wajibu wa kimaadili, tunayahesabu malimwengu ambamo kila mtu ametimiza wajibu wake. Huu wetu haumo humo, kwa hiyo haujifikii wenyewe. Ndiyo maana kusema jambo ni wajibu hakutoshi kuonyesha kwamba limetendeka.

Hata hivyo, hii ni hisabati. Haijali vile vinavyoitwa malimwengu ni nini. Ungeweka namba mahali pake, kanuni zote zingebaki zilivyo. Humphrey bado hajapata jibu lake.

Kabla ya kumrudia, kuna fundo moja la kufungua. Mwanafalsafa Mmarekani Quine, ambaye hakuipenda kabisa mantiki hii, aliuliza hivi: 9 ni kubwa kuliko 7 kwa lazima, na idadi ya sayari ni 9, basi idadi ya sayari ni kubwa kuliko 7 kwa lazima? (Tangu Pluto iondolewe kwenye orodha mwaka 2006 mfano umechakaa, lakini mtego ni ule ule.) Jibu liko kwenye mahali ambapo neno la ulazima linasimama. Chukua sentensi hii: mshindi wa 1968 angeweza kushindwa. Ukiisoma kwamba kuna ulimwengu ambamo mtu mmoja anashinda na kushindwa uchaguzi ule ule, ni upuuzi. Ukiisoma kwamba yule aliyeshinda hapa, Nixon, katika ulimwengu mwingine alishindwa, ni kweli tupu. Katika mihadhara yake ya Princeton, Januari 1970, Kripke alisisitiza kwamba majina hayafuati njia ya maelezo kama “mshindi wa 1968”. Jina humshika mtu yule yule katika kila ulimwengu tunaouzungumzia. Kwa hiyo nyota ya asubuhi na nyota ya jioni, tukiyachukua kuwa majina mawili ya Zuhura, ni kitu kimoja kwa lazima, ingawa watu waligundua hilo kwa kutazama anga wala si kwa kufikiri tu. Vivyo hivyo maji na H2O.

Sasa turudi kwa Humphrey. Mwanafalsafa David Lewis (si jamaa ya C. I. Lewis) alitoa jibu la kijasiri kuliko yote. Katika kitabu chake cha 1986 alishikilia kwamba malimwengu mengine yapo kweli, ya mawe na nyama kama huu, ila hakuna njia ya kutoka mmoja hadi mwingine na lolote la huko haliwezi kusababisha lolote la hapa. Kuuita huu wetu “halisi” ni kama kuita mahali uliposimama “hapa”. Watu walimkodolea macho, naye alikiri kwamba jicho la mshangao halijibiki kwa hoja. Humphrey wetu, kwa maoni yake, yumo katika ulimwengu mmoja tu. Huko kwingine kuna mtu anayefanana naye sana, na huyo ndiye aliyeshinda.

Wazo hilo la mtu anayefanana Lewis alikuwa amelitoa kabla ya kitabu hicho, na katika mihadhara ile ya 1970 Kripke alilipinga kwa kusema kwamba Humphrey halisi hajali hata kidogo kama mtu mwingine, hata akiwa anafanana naye vipi, ameshinda mahali fulani. Majuto yake yanamhusu yeye. Malimwengu, alisema, hatuyagundui kwa darubini. Tunayaweka sisi wenyewe kwa kusema: tuchukulie kwamba Humphrey, huyu huyu, ameshinda.

Wengi huishia hapo na kumpa Kripke ushindi. Mimi naona Lewis alikuwa na jibu zito. Kwanza, anayeweza kushinda ni Humphrey mwenyewe. Yule wa huko anayefanana naye ni kile tu kinacholifanya hilo kuwa kweli. Pili, kama malimwengu si vitu bali ni maelezo yaliyokamilika, mkusanyiko wa sentensi, basi huko nako Humphrey hayumo. Kama hajali mtu anayefanana naye, ya nini ajali mafungu ya maneno?

Kwangu pigo hilo linaziumiza pande zote mbili. Ukichagua maelezo, itakubidi useme ni yapi yanayohesabiwa. Yasiyojipinga? Lakini “maji si H2O” haijipingi popote, na bado, kwa hoja ya Kripke, haiwezekani. Ili kuyachuja maelezo lazima ujue kwanza nini kinawezekana, na hilo ndilo ulilotaka lielezwe. Malimwengu yanaupanga uwezekano vizuri ajabu; hayauzai.

Kwa hiyo naelekea upande ambao sasa una watetezi wa kutosha: Humphrey angeweza kushinda kwa sababu ya vitu vya ulimwengu huu huu, wapiga kura waliokuwa na uwezo wa kuamua vingine, na yeye mwenyewe aliyekuwa na uwezo wa kuwashawishi. Karibu miaka elfu iliyopita Ibn Sina alitenganisha kile ambacho kuwapo kwake ni lazima na kile ambacho kuwapo kwake kunawezekana tu, na hakuhitaji malimwengu mengi kufanya hivyo.

Gharama ipo, na si ndogo. Wengi huona kwamba sheria zenyewe za maumbile zingeweza kuwa tofauti tangu mwanzo, au hata kusingekuwa na kitu chochote. Ni kitu gani kilichokuwa na uwezo wa kuyaleta hayo, kama vitu vyote bado havijawapo? Nikibaki na msimamo wangu, lazima niseme mambo hayo hayakuwezekana kamwe, hata kama tunayafikiria bila taabu. Wenzangu wananishangaa nikisema hivyo, lakini nalisema.